Vichwa vya Milima: chuma kimehifadhiwa, wenye nacho je?



Tukizungumzia kuhifadhi urithi wetu, mara nyingi tunataja milango ya Unguja, majumba ya Lamu na miswada ya tenzi. Ni sawa kabisa, wala sina ugomvi na hilo. Lakini leo naomba nilete urithi wa aina nyingine, wenye uzito wa tani 252, uliokuwa ukipanda kutoka Mombasa hadi Nairobi na tani 1,200 za mizigo nyuma yake. Nazungumzia vichwa vya treni ya mvuke vya daraja la 59 vya Reli na Bandari za Afrika Mashariki, ambavyo wapenzi wa reli duniani kote wanavijua kama daraja la Milima.

Hoja yangu ni moja. Waliohifadhi vichwa hivi wamehifadhi chuma, na wanastahili shukrani. Lakini hadithi iliyohifadhiwa pamoja na chuma hicho ni ya waliokiunda na ya waliokipiga picha. Hadithi ya waliokiendesha, kwa lugha waliyokuwa wakifanyia kazi, karibu yote imeachwa nje, na muda wa kuichukua unakwisha.

Niseme mapema nimesimama wapi. Mimi ni mtu wa Same, Mpare, na kwa taaluma ni mwanahistoria wa kazi na wafanyakazi. Kwa miaka zaidi ya ishirini nimeishi kaskazini mwa Uingereza, si mbali na Gorton, kitongoji cha Manchester ambako vichwa hivi viliundwa. Mtaona baadaye kwa nini nimetaja Same na Gorton kwa pamoja.

Kwa asiyevijua, tuanze na mashine yenyewe. Mwaka 1907 mhandisi wa Kiingereza, Herbert William Garratt, alipata hataza ya kichwa cha treni cha muundo mpya. Boila moja linakaa katikati, limebebwa kama daraja la mto, mguu mmoja mbele na mwingine nyuma. Kila mguu ni seti kamili ya magurudumu na silinda zake. Tangi la maji liko juu ya seti ya mbele. Mafuta au makaa, na maji mengine, yako juu ya seti ya nyuma. Kwa kuwa chini ya boila hakuna magurudumu ya kulizuia, boila linaweza kuwa fupi na nene, na tanuri likawa pana. Mashine nzima inajipinda kwenye kona kama jongoo. Kampuni ya Beyer, Peacock ya Manchester, iliyoanzishwa mwaka 1854, ndiyo iliyolichukua wazo hilo, na Garratt wa kwanza wakatoka kiwandani mwaka 1909 kwenda Tasmania.

Reli yetu ilikuwa kama imetengenezewa muundo huo. Upana wake mita moja tu, kona tele, na mlima tangu inapoipa bahari mgongo. Kutoka Mombasa hadi Nairobi ni kama kilomita 530, na katika mwendo huo treni inapanda kutoka usawa wa bahari hadi karibu mita 1,660. Baada ya Vita vya Pili mizigo ikafurika bandarini Mombasa na vichwa vilivyokuwepo vikashindwa kuiondoa. Mwaka 1950 yakaagizwa mashine makubwa zaidi, na kati ya 1955 na 1956 vikaletwa vichwa 34, namba 5901 hadi 5934. Boila lake lilikuwa na kipenyo cha karibu mita 2.3, juu ya reli ya mita moja! Havijapata kuundwa vichwa vizito wala vyenye nguvu zaidi ya hivyo kwa reli ya upana huo popote duniani. Na majitu ya Marekani yalipostaafu, hivi vya kwetu vikawa miongoni mwa vichwa vya mvuke vyenye nguvu kuliko vyote vilivyobaki kazini ulimwenguni.

Sasa tuje kwenye majina, maana hapo ndipo pana utamu.

Kila kichwa kilibeba bamba la jina la mlima wa Afrika Mashariki. Kulikuwa na Kenya, Elgon na Longonot. Kulikuwa na Ruwenzori na Muhavura. Kulikuwa na Kilimanjaro, Meru, Hanang, Rungwe na Uluguru. Linganisha na daraja la 60, vichwa vya kampuni hiyohiyo vilivyotangulia kidogo, ambavyo vilipewa majina ya magavana wa Kenya, Uganda na Tanganyika. Baada ya uhuru mabamba ya magavana yaling'olewa. Ya milima hakuna aliyeyagusa, kwa sababu hakuna aliyeona haya kuyasoma. Mabwana wa reli walipotafuta majina ya mashine yao makubwa kuliko yote walichagua, kwa bahati au kwa busara, majina ambayo yangeweza kuwapita wao wenyewe. Kasoro ni kwamba mbele ya karibu kila jina waliweka neno Mount. Ol Donyo Sabuk uliponyoka na Kimaasai chake. Milima mingine karibu yote ilibidi ijitambulishe kwanza kwa Kiingereza.

Orodha ile ya majina ilikuwa ramani ya jumuiya. Reli za Kenya na Uganda ziliunganishwa na reli za Tanganyika mwaka 1948, miaka 19 kabla ya mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki wa 1967. Mtoto wa Makindu ambaye hajapata kuvuka mpaka aliweza kuona Rungwe asubuhi na Muhavura jioni, vyote vikipita mbele ya macho yake na kupiga honi. Mwaka 1977 Jumuiya ikavunjika, na reli ikakatwa vipande vitatu kama mkate. Ilichukua hadi 1984, kwa makubaliano ya Arusha, nchi tatu kumaliza hesabu ya nani achukue mali ipi na deni lipi.

Wakati watu wakubwa wanagombania hesabu hizo, vichwa vyenyewe vilikuwa vinakufa. Dizeli ilikwisha kuchukua njia. Kati ya 1973 na 1980 vichwa vya daraja la 59 viliondolewa kazini, vingi vikakatwa vyuma chakavu. Kati ya 34 vimesalia viwili tu: namba 5918, Gelai, na namba 5930, Shengena. Vyote viko katika Makumbusho ya Reli ya Nairobi, iliyofunguliwa mwaka 1971. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 Gelai ilifufuliwa na kuwashwa moto tena.

Wenzangu wa kaskazini mwa Tanzania mmeshaona. Gelai uko kando ya Ziwa Natron. Shengena ndio mlima mrefu kuliko yote ya Upare, juu ya msitu wa Chome, wilayani Same. Katika milima yote ya nchi tatu, iliyonusurika ni miwili, yote ya Tanzania, na yote imesimama Nairobi. Tena Shengena ya chuma haikupata kuvuta treni chini ya Shengena ya mawe. Reli ya Tanga hadi Moshi inapita pale bondeni, lakini ilikuwa nyepesi mno kwa mnyama wa tani 252.

Jamani, sisemi kirudishwe. Kirudishwe wapi, na kwa reli ipi? Hakikuwa cha Tanzania, na sasa hivi kimetunzwa. Ninachosema ni kwamba bamba lile ni ushahidi wa umoja uliokuwepo na ukavunjwa, limeandikwa kwa herufi kubwa ubavuni mwa mashine, na sijapata kukutana na maandishi ya uhifadhi wa reli yanayolisoma hivyo. Kwa msomaji wa Ulaya, Shengena ni jina zuri la kigeni. Kwa mtu wa Same ni mlima unaomletea mvua. Msomaji wa pili hajawahi kuandikiwa.

Hapa ndipo ninapofika kwenye maandishi yenyewe, na nitajaribu kuwa mwadilifu.

Rafu ya kwanza ni ya wapenzi wa reli. Yupo Kevin Patience na Steam in East Africa ya mwaka 1976. Yupo A. E. Durrant, aliyewafuatilia Garratt duniani kote. Watu hawa tuwape haki yao. Walikwenda wenyewe, walihesabu, walipiga picha wakati wengine wetu tunaona moshi ni uchafu tu. Bila wao tusingejua kichwa kipi kilianza lini na kiliondolewa lini. Lakini uandishi wa namna hii una maswali yake maalumu, na maswali hayo yanaelekezwa kwa mashine: magurudumu mangapi, namba ya kiwanda gani, rangi gani, ilikatwa mwaka gani. Binadamu anaingia kwenye picha kwa sababu amesimama karibu na gurudumu, na faida yake ni kutuonyesha ukubwa wa gurudumu.

Rafu ya pili ni historia rasmi. M. F. Hill aliandika Permanent Way kwa ajili ya reli yenyewe, juzuu la kwanza likatoka 1949. Hiyo ni historia inayotazama kutoka ofisini, na mtazamo huo mnaujua.

Rafu ya tatu ni yetu wanataaluma. R. D. Grillo aliandika juu ya wafanyakazi wa reli wa Kampala mwaka 1973. Frederick Cooper aliandika juu ya makuli wa bandari ya Mombasa mwaka 1987. Hapo watu wapo: mishahara yao, vyama vyao, migomo yao, nyumba zao. Lakini mashine imekuwa kitu cha nyuma ya pazia. Mfanyakazi wa reli anagoma, anapanga chumba, anatuma pesa nyumbani, na msomaji anafunga kitabu bila kujua mtu huyu akiwa kazini mikono yake ilikuwa inafanya nini.

Kwa hiyo tuna rafu moja ya mashine bila watu, na nyingine ya watu bila mashine. Nyumba za makumbusho, hapa Uingereza na kwetu, hurithi mgawanyiko huohuo, na hicho ndicho ninachokilaumu. Chukua mfano mmoja. Machi 1955 makuli wa Mombasa waligoma, na Tom Mboya akawa mmoja wa walioingia kati kutafuta suluhu. Mwaka huohuo vichwa vya kwanza vya daraja la 59 vilianza kuletwa, vinunuliwe kwa sababu ya msongamano wa bandari hiyohiyo. Hayo ni mambo mawili ya tatizo moja: mizigo mingi, na watu waliotakiwa kuibeba kwa ujira mdogo. Mwenye kitabu cha mashine anasema jibu lilikuwa Garratt. Mwenye kitabu cha wafanyakazi anasema jibu lilikuwa mshahara. Hakuna anayeviweka vitabu viwili mezani pamoja.

Au tazama hadithi inayojulikana zaidi katika makumbusho ya Nairobi. Ni ya behewa ambamo afisa wa polisi wa reli, Charles Ryall, aliliwa na simba kule Kima mwaka 1900. Hadithi nzuri, watoto wanaipenda, na behewa lenyewe lipo. Lakini ujenzi wa reli ile kati ya 1896 na 1901 uliwaua vibarua wa Kihindi 2,493 kati ya 31,983 walioletwa, wengi wao kwa maradhi na ajali. Malaria haisimuliki vizuri kama simba. Sisi tunaofundisha historia tunajua kwamba kinachosimulika vizuri ndicho kinachobaki, na ndiyo maana inatupasa kufanya kazi ya makusudi kuyabakisha yale mengine.

Mtu anaweza kuniuliza: ni nini hasa unachodai kimepotea? Nitajibu kwa mfano wa kazi ya mchochea moto, au fayamani kama walivyomwita wenyewe.

Watu wengi wanadhani kazi yake ilikuwa kurusha makaa kwa sepetu. Daraja la 59 lilichoma mafuta mazito, kwa hiyo sepetu haikuwepo. Kuna vali ya mafuta, kuna mvuke unaoyapuliza mafuta yawe kama ukungu ili yawake, na kuna hewa. Vitatu hivyo lazima vipatane, na vinabadilika kila dereva anapofungua au kufunga mvuke wa silinda. Anayefanya kazi hiyo husoma dohani. Moshi mweusi una maana mafuta yamezidi hewa. Unapoteza pesa na unapaka masizi kwenye mabomba ya boila. Moshi mweupe una maana mafuta yanatoka bila kuungua sawasawa. Kinachotakiwa ni ukungu mwembamba wa kijivu, kiasi cha kuonekana tu. Masizi yakizidi, kwenye injini za mafuta hutupwa mchanga ndani ya tanuri huku injini ikivuta kwa nguvu, mchanga ukapita kwenye mabomba na kuyakwangua, na dohani ikatema wingu jeusi.

Halafu kuna maji. Kioo cha maji kinaonyesha kiasi kilichomo ndani ya boila, lakini kioo hicho hakijui mlima. Injini inapopanda ikiwa imetanguliza dohani, maji yanarudi nyuma upande wa tanuri, na kioo kinaonyesha mengi. Ikifika kileleni na kuinamisha kichwa, maji yanakimbilia mbele. Paa la tanuri likibaki bila maji juu yake huku moto unawaka, chuma kinalainika, na hapo boila linaweza kupasuka na kuua wote waliomo. Basi mtu huyu ilimpasa kukijua kila kilima kabla hajakifikia, usiku na mchana, na kuweka maji kwa kukisia kilima kinachokuja. Ndiyo maana nasema alikuwa mtu wa elimu. Elimu yake haikuwa na cheti, na kwa miaka mingi ya ukoloni mshahara na cheo reli vilipangwa kwa rangi, kwa hiyo haikuwa hata na jina.

Baba yangu mdogo, Mungu amrehemu, alifanya kazi hiyo akitokea Mombasa kabla mpaka haujafungwa 1977. Alisoma darasa la nne. Alikuwa akituambia sisi wenye vitabu kwamba kitabu chake ni dohani na hajawahi kufeli mtihani. Tulicheka. Alipofariki, yote aliyoyajua juu ya kilomita 530 zile yakaenda naye. Hakuna aliyekuja kumwuliza, wala mpenzi wa reli wala mwanataaluma.

Na aliyajua kwa lugha gani? Hapa wanaisimu mnisikilize. Ndani ya kichwa cha treni alikuwepo dereva Singasinga, Mgoa, au baadaye Mjaluo au Mkamba, na msaidizi wake Mpare au Mtaita. Kiswahili ndicho kilichokuwa daraja kati yao. Kiswahili cha reli ni kitu cha ajabu kikitazamwa karibu. Taruma kwa baharia ni mbao za kukazia chombo kwa ndani. Reli ikayaita mataruma yale magogo yanayoshika vyuma viwili visitawanyike, na mtu wa jahazi asingepata shida kuelewa. Behewa lilikuwa ua wa ndani wa nyumba, au ghala. Reli ikalitia magurudumu. Karakana ilitoka kwa Waajemi ikapitia kwa Wahindi. Gari ni la Kihindi, moshi ni wetu, na tukapata garimoshi. Stima ilikuwa meli ya mvuke, na leo nchini Kenya ni umeme wa nyumbani: mtu analalamika stima imepotea, bila kujua kwamba ametaja mvuke. Kiberenge kile kidogo cha mafundi wa njia nacho kina jina ambalo hakuna mwalimu aliyelitunga.

Hayo ni majina ya vitu, na kamusi zetu zinayo. Kisichomo kwenye kamusi ni mazungumzo ya kazi: vitenzi, amri za neno moja, namna ya kumwambia mwenzako kwamba maji yamezidi au moto umepungua, wakati kelele ni kubwa na sekunde ni chache. Nomino zinakusanyika kwa urahisi, maana kitu kipo na unakinyooshea kidole. Kitenzi kinakufa kazi inapokufa. Taaluma ya Kiswahili imetumia nguvu nyingi sana, tangu miaka ya 1970, kutunga istilahi za fizikia na uhandisi ofisini. Ni kazi njema. Lakini wakati kamati zinakaa kutafuta neno la shinikizo la mvuke, walikuwepo maelfu ya watu kati ya Mombasa, Kampala na Tabora waliokuwa wakilisimamia shinikizo hilo kila siku, na walikuwa wanaliita kitu fulani. Ilitosha kuwaendea na kuwauliza.

Najua pingamizi zitakazokuja. Ya kwanza: mashine hizi ni makaburi ya ukoloni, tuyaache yaoze. Naielewa hisia hiyo, lakini siikubali. Mchoro ulitoka Gorton, ni kweli. Kodi na jasho lililoilipa vilitoka Afrika Mashariki, na theluthi mbili za maisha ya vichwa hivi kazini, tangu uhuru hadi walipozimwa moto, zilikuwa chini ya bendera zetu wenyewe. Kumwachia Mwingereza injini yote kwa sababu yeye ndiye aliyeichora ni kumpa zaidi ya haki yake.

Ya pili: nchi maskini haina pesa ya kuchezea moshi. Hii ni nzito zaidi. Kuendesha Garratt kunahitaji boila lililokaguliwa, mabomba mapya na mafuta mengi, na siwezi kumwambia waziri wa fedha aache zahanati anunue mabomba. Treni za abiria za reli ya zamani kati ya Nairobi na Mombasa zilisimama mwaka 2017, reli mpya ya upana wa milimita 1,435 ilipofunguliwa, na kwenye reli hiyo Gelai haiwezi hata kukanyaga. Lakini angalieni, ninachokiomba si moshi. Kumrekodi mzee kwa simu ya mkononi ni gharama ya nauli na chai.

Tena upo mfano wa karibu na hapa nilipo. Nendeni Wales, mpande treni ya Welsh Highland kutoka Caernarfon hadi Porthmadog, kilomita 40. Mtakaowakuta wakivuta ni Garratt wa reli nyembamba za Afrika Kusini; namba 138 na 143 ziliundwa Gorton mwaka 1958. Na K1, yule Garratt wa Tasmania wa mwaka 1909, ambaye kiwanda chenyewe kilimrudisha Uingereza 1947, naye aliwahi kufanya kazi kwenye reli hiyohiyo. Mashine zinaenda kwa sababu watu wanafundishana: mkongwe na kijana kwenye kichwa kimoja, mmoja anaangalia kioo cha maji na mwingine anamwangalia yeye. Lakini kilichonigusa zaidi ni jina. Reli ile ina jina la Kiwelsh, Rheilffordd Eryri, sambamba na la Kiingereza. Lugha ya watu wasiofikia milioni moja imejipachika kwenye mashine iliyoundwa Manchester kwa ajili ya Afrika. Sisi wenye lugha iliyotengewa siku yake na UNESCO mwaka 2021, bado tunasubiri Mount iwe Mlima.

Napendekeza mambo matatu, yote yako ndani ya uwezo wa watu wanaosoma hapa.

Kwanza, wazee. Kijana wa miaka 22 aliyekuwa mchochea moto mwaka 1978 leo anakaribia 70 au amepita. Madereva wenyewe wengi wameshatangulia. Mwenye mjomba, babu au jirani aliyefanya kazi reli, iwe Makupa, Voi, Makindu, Muthurwa au Tabora, amrekodi likizo hii. Asimwulize maisha kwa jumla. Amwulize kazi: ulikuwa unaanzia wapi asubuhi, mkono wa kulia unashika nini, ukiona moshi mweusi unamwambiaje dereva. Amwache ajibu kwa Kiswahili chake, na asimsahihishe sarufi.

Pili, michoro. Kumbukumbu za kiwanda cha Beyer, Peacock zimetunzwa katika makumbusho ya sayansi na viwanda ya Manchester. Sisi tulioko Uingereza tunaweza kuziendea kwa basi. Mchoro wa tanuri ukiwekwa mbele ya mzee aliyelichochea, utapata majina ya sehemu zote kwa mchana mmoja, na hapo rafu mbili nilizozitaja zitakutana kwa mara ya kwanza.

Tatu, maelezo ya Kiswahili kwa vichwa viwili vilivyobaki, ukurasa mmoja kila kimoja: mlima gani, uko wapi, mashine ilifanya kazi gani, na nani aliiendesha. Nakala iende Nairobi, na nyingine ziende shule za Same na za vijiji vilivyo chini ya Gelai. Mtoto wa Chome anayeutazama Shengena kila asubuhi ana haki ya kujua kwamba jina la mlima wake liliwahi kuvuta tani 1,200 kutoka baharini, na kwamba bado limeandikwa ubavuni mwa chuma kilichosimama katika nchi ya jirani.

Ukurasa wa Shengena nimeshauanza mimi. Nahitaji wa Gelai, na nahitaji mtu mwenye mzee wa reli Mombasa ambaye bado ana kumbukumbu nzuri.

Naomba kuwasilisha.